Kifurushi kikipotea, nani analipa na analipa kiasi gani?

Kwenye kaunta nyingi za mabasi ya mikoani kuna tangazo ukutani linalosema kuwa mzigo ambao thamani yake haikutajwa, kampuni haitahusika ukipotea. Wateja wachache hulisoma. Wengi hulipa, hupewa stakabadhi, huipiga picha pamoja na namba ya basi na kumtumia ndugu aliyeko Mwanza au Kisumu. Kifurushi kisipofika ndipo mabishano yanapoanza. Mteja anasema amelipia kwa hiyo alipwe simu yake, na karani anamgeuzia stakabadhi na kumwonyesha maandishi madogo ya nyuma. Siku hizi mabishano haya yamezidi, maana biashara kubwa ya nguo, simu, vipodozi na vipuri inafanyika mtandaoni na muuzaji na mnunuzi hawaonani.

Mkanganyiko unatokana na maneno manne ambayo watu huyachukulia kuwa kitu kimoja.

Nauli ya mzigo ni malipo ya kuutoa mzigo hapa na kuufikisha kule, basi. Dhima ni wajibu wa msafirishaji kulipa hasara iliyotokea mzigo ukiwa mikononi mwake, na dhima hiyo karibu siku zote ina ukomo uliowekwa na sheria, mkataba wa kimataifa au masharti ya kampuni. Thamani iliyotangazwa ni bei ya mzigo unayoitaja na kuandikiwa kabla haujaondoka, kwa kawaida kwa kuongeza malipo kidogo, ili ukomo huo upande. Bima ni mkataba mwingine kabisa, unaofungwa na kampuni ya bima. Unalipa ada, na kampuni inakulipa hasara iliyotajwa kwenye mkataba hata kama msafirishaji hana kosa lolote.

Aliyelipa nauli peke yake amenunua kitu cha kwanza, na cha pili amekipata kwa kiwango cha chini kabisa. Cha tatu na cha nne hana.

Ukomo unavyohesabiwa kwa kilo

Tuanze na ndege, kwa sababu huko kanuni imeandikwa wazi na takwimu zake zinajulikana. Shehena ya ndege kati ya nchi na nchi inaongozwa na Mkataba wa Montreal wa mwaka 1999, ambao Kenya na Tanzania ni wanachama wake. Mkataba huo unaweka ukomo wa fidia kwa kila kilo ya mzigo uliopotea, kuharibika au kuchelewa, kwa kipimo cha fedha cha Shirika la Fedha Duniani kiitwacho SDR. Kwa miaka ya karibuni SDR moja imekuwa ikicheza kati ya dola 1.3 na 1.45 za Marekani. Ukomo ulianza na SDR 17 kwa kilo, ukapanda hadi 19 mwishoni mwa 2009, 22 mwishoni mwa 2019, na tangu tarehe 28 Desemba 2024 ni SDR 26.

Sasa chukua simu ya shilingi milioni 3 za Tanzania. Ikiwa ndani ya boksi lake na kinga zake ina gramu 600. Zidisha 26 kwa 0.6, unapata SDR 15.6, yaani dola ishirini na kitu. Hata shilingi elfu sitini hazifiki. Gunia la unga la kilo 25 lililopanda ndege ileile lina ukomo wa SDR 650, mara arobaini na zaidi ya simu. Kanuni inatazama mizani, haitazami bei. Ndiyo maana vitu vidogo vya bei kubwa kama simu, saa, lenzi za kamera, vipuri vya mashine na vito ndivyo vinavyoumiza zaidi vikipotea.

Kuna jambo hapa linalowashangaza hata wafanyabiashara wazoefu. Kwa shehena ya ndege chini ya mkataba huu, ukomo hauvunjiki hata ikithibitika kwamba mfanyakazi wa msafirishaji ndiye aliyefanya uzembe mkubwa au kosa la makusudi. Njia ya kuupandisha ni kutangaza thamani wakati wa kukabidhi mzigo na kulipa nyongeza inayodaiwa. Ukishaondoka bila tamko hilo, umeshachelewa.

Posta ina njia yake. Mkataba wa Montreal hauwahusu watumaji wa barua na vifurushi vya posta moja kwa moja. Shirika la ndege linawajibika kwa posta, na posta inawajibika kwako kwa kanuni za Umoja wa Posta Duniani, UPU, wenye makao yake Bern. Huko kuna tofauti kati ya kifurushi cha kawaida, kilichosajiliwa na kilichokatiwa bima. Kusajili kunakupa namba ya kufuatilia na fidia ndogo isiyobadilika, lakini hakukupi thamani ya kitu chako. Watu wengi husikia neno "rejista" wakadhani ni bima.

Mwaka 1958 sonara Harry Winston wa New York aliitoa almasi ya buluu iitwayo Hope kwa jumba la makumbusho la Smithsonian mjini Washington. Aliituma kwa posta ya kawaida ya Marekani, kwa njia ya rejista, kwa sababu aliiamini posta kuliko njia nyingine. Alilipa dola 145.29. Nauli yenyewe ilikuwa dola 2.44 tu, na dola 142.85 zilizobaki zililipia bima ya dola milioni moja. Almasi ilifika salama. Ukiitazama stakabadhi ile unaona jinsi nauli na ulinzi vilivyo vitu viwili, na jinsi mtu aliyejua bei ya anachokituma alivyogawa fedha zake.

Kwa mabasi na magari ya ndani hakuna namba moja inayotumika kila mahali. Kila kampuni ina masharti yake, na mengi yanaweka fidia kama kiasi fulani cha nauli uliyolipa au kiasi kisichobadilika kwa kifurushi. Tangazo la ukutani halimfutii msafirishaji kila kosa. Mahakama za nchi zetu hutazama kama mteja alipewa nafasi ya kuyajua masharti kabla ya kulipa, na kama masharti yenyewe ni ya haki. Lakini kesi ya simu moja ni ghali kuliko simu yenyewe. Kwa hiyo muulize karani swali moja kabla hujalipa: kikipotea, mnalipa kiasi gani, na nikitaja thamani nalipa nini cha ziada? Kisha hakikisha jibu lake limeandikwa kwenye stakabadhi.

Kutaja thamani si kukata bima

Kutangaza thamani kunapandisha ukomo wa dhima, ila dhima yenyewe lazima iwepo kwanza. Msafirishaji akionyesha kwamba hasara imetokana na jambo asilohusika nalo, kwa mfano ufungaji mbovu wa mtumaji, thamani uliyotangaza haikusaidii. Bima haiulizi kosa ni la nani. Inauliza kama kilichotokea kimo kwenye mkataba. Kampuni nyingi za vifurushi huuza vyote viwili kaunta moja, kwa majina yanayofanana, na karani mwenyewe wakati mwingine hajui tofauti. Dai cheti cha bima chenye jina la kampuni ya bima na jina lako. Kama hakuna cheti, ulichonunua ni thamani iliyotangazwa.

Bima nayo ina mitego yake. Ya kwanza ni kukata bima ya kiasi pungufu ili ada iwe ndogo. Tuseme mashine yako ni ya shilingi milioni 4, ukaikatia bima ya milioni 1. Njiani ikapata uharibifu wa milioni 2. Wengi hutegemea kulipwa milioni 1 yote. Mikataba mingi inahesabu kwa uwiano: umekatia robo ya thamani, unalipwa robo ya hasara, yaani shilingi 500,000. Toa hapo kiasi cha kwanza cha hasara ambacho mkataba unakutaka ukibebe mwenyewe, na mkononi kinabaki kidogo.

Ya pili ni ankara ya uongo. Kuna mazoea ya kumwambia muuzaji wa Guangzhou au Dubai aandike bei ndogo ili ushuru upungue. Hilo ni kosa chini ya Sheria ya Usimamizi wa Forodha ya Jumuiya ya Afrika Mashariki ya mwaka 2004, na pia linakufunga mikono siku ya hasara. Ankara hiyohiyo ndiyo ushahidi wa thamani. Ukiandika dola 50 kwa forodha, huwezi kudai dola 600 kwa bima.

Ya tatu ni vitu ambavyo hakuna anayevikubali. Fedha taslimu, dhahabu na vito hukataliwa na kampuni nyingi za vifurushi, au hupokelewa kwa utaratibu maalumu tu. Ukivificha ndani ya mzigo ulioandikwa "nguo", umevunja mkataba na hulipwi. Pasipoti, hati ya nyumba na cheti cha shule havina bei sokoni. Panapokuwa na fidia, huwa ni gharama ya kuvitoa upya. Kwa hati hizo kinga ni kutuma nakala iliyothibitishwa na kubaki na asili.

Betri za lithiamu nazo huleta matatizo mengi. Tangu Aprili 2016 betri za lithiamu za kuchaji zinazosafiri peke yake, bila kifaa, haziruhusiwi kama shehena kwenye ndege za abiria, na kwenye ndege za mizigo zinatakiwa ziwe na chaji isiyozidi asilimia 30. Pawabenki inahesabiwa kuwa betri peke yake, kwani kazi yake ni kuhifadhi umeme. Simu au kompyuta yenye betri ndani inaruhusiwa kwa masharti mepesi zaidi, ila ni lazima itajwe. Manukato nayo yana spiriti inayoshika moto, kwa hiyo ni bidhaa hatari kwa ndege. Mzigo uliozuiwa uwanjani kwa sababu haukutajwa ukweli hauhesabiki kuwa umepotea, na hakuna bima inayoulipia.

Ufungaji ndio kinga ya kwanza

Masharti ya bima yanayotumika zaidi duniani kwa shehena yanaondoa hasara inayotokana na ufungaji usiotosha. Wasafirishaji nao wanaondoa. Kwa hiyo kufunga vizuri kunafanya kazi mbili: kunazuia kitu kisivunjike, na kikivunjika kunaliokoa dai lako.

Kipimo cha kuanzia kipo. Shirika la ISTA, linaloweka viwango vya kujaribu vifungashio, lina jaribio liitwalo 1A. Kifurushi cha chini ya kilo 10 kinadondoshwa mara kumi kutoka sentimita 76: mara moja kwa kona, mara tatu kwenye kingo na mara sita kwa pande zote. Sentimita 76 ni kimo cha meza ya kawaida. Kabla hujapeleka mzigo, jiulize kama ungethubutu kuuangusha kutoka mezani mara kumi. Kama moyo unasita, rudia kufunga.

Kinga ya ndani ya boksi inafanya kazi ileile ya povu lililo ndani ya kofia ya pikipiki: inabonyea ili kilichomo kisimame taratibu badala ya kusimama ghafla. Kwa hiyo inahitaji nafasi ya kubonyea. Acha angalau sentimita 5 za kinga kila upande, juu na chini pia. Kompyuta mpakato ya sentimita 36 kwa 25 kwa 3 inataka boksi la angalau 46 kwa 35 kwa 13. Watu huogopa boksi kubwa kwa sababu ya bei, na hofu hiyo ina msingi. Kampuni za vifurushi vya haraka huzidisha urefu, upana na kimo kwa sentimita, hugawa kwa 5,000, kisha hutoza jibu hilo likizidi uzito wa mizani. Boksi letu linatoa kilo 4.2 hata kama kompyuta na kinga zake zina kilo 3. Hiyo kilo moja na ushei ni gharama ya kinga, na ni rahisi kuliko kioo kipya.

Gazeti lililokunjwakunjwa linafaa kwa safari fupi. Kwenye barabara yenye matuta linasagika na kushikana, na baada ya saa kadhaa kitu kilichokuwa kimebanwa vizuri kinacheza ndani ya boksi. Plastiki yenye mapovu ya hewa inahimili mtikisiko zaidi. Zungusha tabaka mbili au tatu, kisha jaza mianya yote. Funga, tikisa boksi karibu na sikio. Ukisikia kitu kinasogea, fungua uongeze. Vitu viwili ndani ya boksi moja visigusane kamwe. Chaja iliyotupwa juu ya kompyuta ndiyo itakayopasua kioo.

Sahani pakia zikiwa zimesimama kwa ukingo, kila moja na karatasi yake. Ukizilaza moja juu ya nyingine, ile ya chini inabeba uzito wa zote kila basi linaporuka tuta. Televisheni isafiri imesimama wima, ndani ya boksi lake la kiwandani na yale mapovu meupe ya pembeni. Ikilazwa ndani ya buti kisha gunia la viazi likawekwa juu, kioo kinapasuka katikati bila hata alama kwenye boksi, na hapo mabishano na msafirishaji hayaishi.

Kwa kimiminika kama asali, mafuta ya nazi au mafuta ya udi, adui ni mwinuko. Chupa iliyojazwa hadi shingoni Mombasa ikapandishwa Nairobi, takriban mita 1,700 juu ya usawa wa bahari, ina hewa iliyobanwa inayotaka kutoka. Acha nafasi ya vidole viwili juu, weka kipande cha nailoni mdomoni kabla ya kufunga kifuniko, zungushia selotepu, kisha tia kila chupa kwenye mfuko wake uliofungwa. Ikivuja, ivuje yenyewe bila kulowesha nyingine.

Unyevu haupewi uzito unaostahili. Boksi la karatasi likikaa kwenye hewa yenye unyevu mwingi linaweza kupoteza karibu nusu ya nguvu yake ya kubeba mzigo juu yake, hata bila kunyeshewa. Ghala la Dar es Salaam wakati wa masika linatosha kabisa kuleta hali hiyo. Nailoni iwekwe ndani, ikizunguka kitu chenyewe, na paketi za chembe za kunyonya unyevu kwa vifaa vya umeme. Kushona kifurushi ndani ya kiroba, kama ilivyo desturi, kunazuia vumbi na mikono ya wadokozi, lakini hakuongezi kinga ya mdondoko hata kidogo.

Boksi lililotumika likiwa na mikunjo kwenye kona usilitumie kwa kitu cha thamani, kwani kona ndizo zinazobeba uzito mkubwa. Selotepu iwe pana, sentimita 5, ipite kwenye mshono wa katikati na kwenye kingo mbili za pembeni, juu na chini, mpaka ifanye umbo la herufi H. Kamba achana nazo; hunasa kwenye mashine za kupangia mizigo.

Maandishi ya "kioo, beba kwa uangalifu" yanapewa imani kubwa mno. Mashine haisomi, na mpakizi anayepanga mabegi mia kabla ya basi kuondoka hana nafasi ya kuyafuata yote. Yaandike, ila funga kana kwamba hayapo.

Jina, namba na mikono ya watu

Vifurushi vingi vinavyodaiwa kupotea vimepotea jina tu, vipo kwenye ghala fulani bila mwenyewe kujulikana. Karatasi ya nje ilibanduka au ilifutika kwa maji. Andika jina, simu na mwisho wa safari mara mbili: moja nje, ikifunikwa na selotepu angavu, na nyingine ndani ya boksi juu ya kitu chenyewe. Bandua lebo zote za zamani, hasa zenye msimbo wa mistari, kwa sababu mashine ikisoma ule wa zamani inakirudisha kifurushi kule kilikotoka mwanzo.

Usiandike nje kilichomo. Usitumie pia boksi lenye picha ya simu bila kulivika boksi jingine. Namba ya simu iliyoandikwa kwa maki kubwa nayo ina hatari yake: matapeli huipiga picha stendi, kisha humpigia mpokeaji wakijifanya wa ofisini, "mzigo wako umefika, tuma pesa ya kupakua kwenye namba hii." Malipo yoyote ya ziada yafanyike kaunta na yatolewe stakabadhi.

Kumpa dereva au kondakta mkononi kwa sababu mnajuana kunaonekana ni salama zaidi, lakini ndiyo njia dhaifu kuliko zote. Kampuni haikupokea kitu, kwa hiyo haidaiwi kitu. Tanzania, mamlaka ya mawasiliano, TCRA, inataka wanaosafirisha vifurushi na vipeto, mabasi yakiwemo, wawe na leseni; Kenya leseni hizo hutolewa na Mamlaka ya Mawasiliano. Mwenye leseni ana mahali pa kushtakiwa ukikosa jibu.

Kabla ya kufunga boksi, piga picha tatu au nne: kitu kikiwa kinafanya kazi, namba yake ya kiwandani, kikiwa ndani ya kinga, na boksi lililofungwa likiwa kwenye mizani. Kwa simu, bonyeza *#06# uandike IMEI, yaani namba ya utambulisho ya simu hiyo. Stakabadhi ya kaunta isomeke "simu moja, IMEI fulani, thamani shilingi fulani, gramu fulani", isiwe "kifurushi kimoja". Uzito una faida ya pekee: boksi lililoondoka na kilo 5 likafika na kilo 4.2 limefunguliwa njiani, na hakuna wa kubisha.

Kontena la kuchangia

Wanaoleta bidhaa kutoka China na Dubai kwa kulipia CBM, yaani kwa mita za ujazo, wako kwenye hali tofauti. Kwenye hati ya shehena, ile wafanyabiashara huiita BL, jina lililoandikwa mara nyingi ni la wakala aliyekusanya mizigo ya watu wote. Meli haikujui wewe. Mkataba wako ni na wakala peke yake, kwa hiyo dai kutoka kwake karatasi yenye jina lako, idadi ya maboksi, CBM, kilo na thamani.

Idadi ya maboksi ina maana kubwa. Chini ya Kanuni za Hague-Visby, zinazofuatwa na nchi nyingi za baharini, ukomo ni SDR 666.67 kwa kila kifurushi au SDR 2 kwa kilo, kinachozidi ndicho kinachotumika. Vifurushi huhesabiwa kama vilivyoorodheshwa kwenye hati. Hati ikisema "kontena 1" bila kutaja maboksi yaliyomo, kontena zima linaweza kuhesabiwa kuwa kifurushi kimoja.

Ukiuliza bima ya baharini utaambiwa kuna vifungu A, B na C. C ndiyo rahisi, na inalipia maafa makubwa: moto, meli kuzama au kugongana, lori kupinduka. B inaongeza mambo kama maji ya bahari kuingia ndani na boksi kudondoka na kupotea kabisa wakati wa kupakia au kupakua. A inalipia kila ajali isipokuwa ile iliyotajwa kuwa haimo. Wizi na udokozi, ambao ndio hofu ya wafanyabiashara wengi, haumo kwenye B wala C mpaka uongezewe kwa kifungu maalumu. Wengi wamenunua C kwa kufuata bei wakidhani wamekingwa na wezi wa bandarini. Kwa desturi bima hukatwa kwa bei ya bidhaa, nauli na ada ya bima pamoja, kisha huongezwa asilimia 10. Kwa Kenya, tangu Januari 2017 bima ya bidhaa zinazoingizwa kwa bahari inatakiwa ikatwe kwa kampuni ya ndani.

Kuna pia hasara ya pamoja, kanuni ya kale ya bahari ambayo humfikia hata mtu ambaye mzigo wake haukuguswa. Meli ikiwa hatarini na gharama kubwa zikatumika kuiokoa pamoja na shehena, wote wenye mali ndani yake huchangia kulingana na thamani ya mali zao. Meli ya Ever Given ilikwama kwenye Mfereji wa Suez tarehe 23 Machi 2021 ikiwa na makontena zaidi ya 18,000, ikanasuliwa tarehe 29. Mwenye meli alitangaza hasara ya pamoja siku chache baadaye, na meli ilizuiliwa Misri hadi Julai. Katika hali kama hiyo mwenye bima anaiachia kampuni yake itoe dhamana. Asiye na bima huombwa aweke fedha kwanza ndipo akabidhiwe mzigo wake mzima.

Siku ya kupokea na siku ya kudai

Saini ya mpokeaji bila maelezo ni ushahidi kwamba mzigo umefika salama. Kabla ya kusaini, pima, tazama kona na selotepu, na ukiona dosari iandike kwa maneno kamili palepale: "kona moja imebonyea, selotepu si ya mtumaji, kilo 4.2 badala ya 5." Karani akikataa usiandike, piga picha boksi likiwa juu ya kaunta yake na umtumie ujumbe muda uleule. Fungua mbele yake kama anaruhusu. Boksi na kinga zake usitupe, na kifaa kilichovunjika usikipeleke kwa fundi kabla hakijakaguliwa, kwa sababu fundi ataharibu ushahidi wote.

Muda wa kudai ni mfupi kuliko watu wanavyodhani. Kwa shehena ya ndege chini ya Mkataba wa Montreal, malalamiko ya uharibifu yapelekwe kwa maandishi ndani ya siku 14 tangu kupokea, ya kuchelewa ndani ya siku 21, na kesi ifunguliwe ndani ya miaka 2. Kwa bahari chini ya Hague-Visby, uharibifu usioonekana kwa nje utolewe taarifa ndani ya siku 3, na kesi ndani ya mwaka 1. Kwa posta ya kimataifa, ulizo lifanyike ndani ya miezi 6 tangu siku inayofuata ile ya kutuma. Mabasi hujiwekea muda wao, na mara nyingi huhesabu kwa saa. Simu uliyopiga haihesabiki; andika barua au ujumbe na ubaki na nakala yenye tarehe.

Dai liambatane na stakabadhi ya usafirishaji, picha, na uthibitisho wa bei: risiti ya kodi, yaani ya EFD kwa Tanzania au ya eTIMS kwa Kenya, au ankara na hati ya malipo ya benki kwa kilichotoka nje. Kitu kilichotumika hulipwa kwa thamani yake ya sasa.

Mwenye bima ajihadhari na hatua moja inayoonekana ndogo. Kampuni ya bima ikishakulipa, inarithi haki yako ya kumdai msafirishaji. Msafirishaji akikuwahi na fidia ya shilingi elfu hamsini pamoja na karatasi ya kusaini kwamba huna dai jingine, ukisaini umeiuza haki ambayo bima ilikuwa iirithi, na bima ina sababu ya kukataa kulipa. Peleka madai sehemu zote mbili, kwa barua mbili, ndani ya muda wa kila moja, na karatasi ya kumaliza madai usiisaini kabla kampuni ya bima haijakujibu kwa maandishi.